Ng'ombe Hayumo Kwenye Faili

"Mimi mtoto wangu halipiwi kwa namba kama bili ya stima!"

Zadock alisema hayo kipaza sauti kikiwa mkononi, mbele ya ukumbi uliojaa Wakenya, huko Roseville, kando ya Minneapolis, Marekani, Jumamosi moja ya kiangazi mwaka 2015. Ilikuwa harambee ya kumchangia rafiki yake Cyrus karo ya uuguzi, na hakuna aliyekuwa amemuuliza Zadock habari za mtoto. Lakini kuna wanaume ambao ukiwapa kipaza sauti na sahani ya pilau kwa wakati mmoja, umejitakia.

"Nyinyi mnaopeleka pesa kwa mashine," akaendelea, "hiyo mashine itawaita shemeji? Mimi nalea mtoto kuanzia kwa nyanya yake. Nendeni Nyamira, mkaulize geti la nyumba ya kina Serah liko wapi. Hamtauliza mara ya pili, mtaliona!"

Watu wakapiga makofi. Waliopiga zaidi ni wale wanaume waliokuwa wakikatwa pesa ya watoto kwenye mshahara kila wiki mbili. Mzee Solomon, ambaye kila ugomvi wa watu wa kwao katika miji hii miwili, Minneapolis na Saint Paul, ulipitia sebuleni kwake, alitikisa kichwa taratibu kama mtu aliyeonja mchuzi akaukuta umekolea.

Serah mwenyewe, aliyekuwa mke wa Zadock, hakuwapo. Alikuwa zamu ya jioni, na binti yao Stacy, wakati huo ana miaka sita, alikuwa ameachwa kwa jirani Mkongo aitwaye Nyiraneza. Video ya hotuba ilimfikia Serah kabla hajavua yunifomu. Waliomtumia walikuwa wengi, wote wakiandika "pole" na vikatuni vya kucheka kwa machozi. Hakumjibu hata mmoja.

Zadock alikuwa mtu wa kazi, hilo hata maadui zake hawabishi. Tangu atoke Nyamira alikuwa ameosha, amelisha na kugeuza kitandani wazee wa Kizungu wasiohesabika, na kwa miaka ile alikuwa akishinda katika nyumba moja ya Woodbury yenye wagonjwa wanne. Aliyemwajiri alikuwa Mkenya mwenzake, ambaye kwenye vitabu vyake alimwandika si kama mfanyakazi bali kama mkandarasi, utadhani Zadock alikuwa akijenga barabara. Wanaume wengine pesa ya mtoto hukatwa kabla mshahara haujagusa benki. Wa Zadock ulifika mzima, na kwa kufika mzima ukamdanganya kwamba ulikuwa wake wote.

Walipoachana mwaka 2013 hapakuwa na mwanamke wa pembeni, wala pombe, wala kofi. Ilikuwa ndoa ya zamu. Mmoja akiingia mwingine anatoka, wakiachiana maagizo kwenye mlango wa friji, hadi siku moja hakuna aliyekumbuka kuandika. Serah akahamia Brooklyn Park na mtoto, akaanza kusomea uuguzi. Pesa ya kumlipa mtu wa kukaa na Stacy hakuwa nayo, akaomba msaada wa kaunti. Kaunti ikasema sawa, ila ukila chetu, baba wa mtoto naye tutamtafuta. Ndivyo sheria ilivyo, haimuulizi mama kama anataka au hataki. Lakini Zadock alipoletewa wito wa korti mlangoni na kijana aliyevaa kaptula, hakuona sheria. Aliona mke aliyemshtaki kwa Wazungu.

Akafanya wanachofanya watu wa kwao wakishtakiwa nyumbani: akaita kikao.

Kikao kilikaa Jumamosi kwa Mzee Solomon, yule yule aliyesimamia mahari. Wazee wakasikiliza, wakakohoa, wakaamua. Zadock atamtunza mtoto kwa njia ya heshima, yaani kupitia nyumbani kwa kina mama mtoto, njia ile ile iliyopitiwa na mahari. Hayo mambo ya korti yaachwe, si desturi. Serah aliulizwa kama ana neno. Akasema hana. Mbele ya wazee saba, mwanamke aliyeachika akisema ana neno, jioni itasemwa ndiyo maana aliachika. Soda zikanywewa, maombi yakafungwa.

Jumanne iliyofuata jaji aliliita jina la Zadock katika chumba ambacho Zadock hakuwamo. Alikuwa Woodbury akimnyoa mzee ndevu, roho imetulia kabisa. Kwake kesi ilikuwa imekwisha Jumamosi. Amri ya kulipa kila mwezi ikatolewa hayupo, na kuanzia siku hiyo hesabu ikaanza kupanda ghorofani huku yeye akilala chini usingizi mzito.

Na si kwamba alikaa bure. Alimwezekea mama mkwe nyumba kwa mabati mazuri. Alimlipia shemeji yake karo ya chuo. Alimnunulia mama mkwe ng'ombe wa maziwa, mweusi na mweupe, aliyepigwa picha nyingi kuliko bibi harusi. Kisha lile geti la chuma, lenye simba wawili wa rangi ya dhahabu wanaotazamana kama waliokosana. Kila alipotuma pesa alijisikia mwepesi, akajiambia: hii ni ya Stacy. Ofisi ya kaunti ya matunzo ya watoto ilipotishia kumnyang'anya leseni ya gari, alilipa kidogo, wakanyamaza, naye akanyamaza.

Stacy alikuwa naye wikendi moja moja. Wakila piza, wakitazama katuni. Yeye akimsemesha Kiswahili, mtoto akijibu Kiingereza, kila mmoja akimwelewa mwenzake nusu na kujazia iliyobaki kwa piza.

Oktoba 2017, mdogo wake Bravin alipiga simu kutoka nyumbani.

"Zadi, mama hamezi kitu. Hata chai inarudi."

"Mpelekeni hospitali!"

"Hospitali ipi? Wauguzi wamegoma tangu Juni. Tumempeleka kliniki mjini, daktari ametupa dawa ya maumivu akasema turudi naye nyumbani. Sasa ameanza kuita watu."

"Anaita nani?"

"Marehemu wote," akasema Bravin. "Halafu wewe."

Zadock hakuwa amemwona mama yake tangu 2009, mama aliporudi Kenya baada ya kuja kumlea Serah uzazini. Kila mwaka alisema Desemba hii nakuja, na kila Desemba ikaja peke yake. Safari hii alikata tiketi siku ile ile. Ndipo akafungua sanduku akakuta pasipoti yake ya Kimarekani imeisha muda tangu Machi. Ya Kenya hakuwa nayo kabisa. Aliapa kuwa Mmarekani mwaka 2007, enzi ambazo Kenya haikukubali mtu awe na nchi mbili, na tangu iruhusu hakuwahi kwenda kuomba arudishiwe ya kwanza.

Akashika njia hadi ofisi ya pasipoti, mjini Minneapolis, tiketi mkononi, sauti ya mfiwa mtarajiwa tayari kooni. Mwanamke wa dirishani alimsikiliza kwa huruma, akabonyeza, akasoma, huruma ikabaki lakini uso ukabadilika.

"Bwana, jina lako limezuiliwa. Ni deni la matunzo ya mtoto. Sisi hapa hatuwezi kuligusa. Piga simu kwa ofisi iliyo na kesi yako."

Kesi yako. Zadock akarudi kwenye gari alimokuwa akisubiriwa na Cyrus, ambaye sasa alikuwa muuguzi kamili kwa pesa za ile harambee. Akapiga namba aliyopewa, simu kwenye spika.

Mashine iliyopokea ilikuwa na sauti ya mwanamke mpole ambaye hajawahi kuharakishwa maishani. Ikaomba namba ya mshiriki. Zadock hakuwa nayo. Ikaomba basi namba ya siri. Zadock alikuwa na siri nyingi, hiyo haikuwamo.

"Mshiriki wa nini?" akamuuliza Cyrus.

"Wewe ndiye mshiriki, bro. Umeshiriki miaka minne bila habari. Bonyeza sifuri."

"Imesema sifuri haipo."

"Basi nyamaza. Mashine ikiona umenyamaza hudhani wewe ni mzee, inakupa mtu."

Ulikuwa ushauri wa kweli. Baada ya muziki mrefu wa kinanda, wa kumlaza mtu kabla ya upasuaji, akapata mtu. Mtu akampa namba yake, akamwambia aliyeshika faili lake anaitwa Bi. Lindquist, na kwamba anaweza kuja kumwona kesho asubuhi. Kisha akamtajia deni, pamoja na riba. Cyrus akazima spika, akawasha gari.

Bi. Lindquist alikuwa mama wa makamo mwenye sweta lililofumwa kulungu kifuani. Zadock alikuwa amejiandaa kwa simba, akakuta mtu anayemsogezea kiti.

"Nimekuwa nikilipa," akamwambia kabla hajakaa. "Miaka yote. Mnasema sikulipa, lakini nimelipa."

"Vizuri. Ulimlipa Bi. Serah mkononi?"

"Nilipeleka kwao."

"Kwao wapi?"

Zadock akatoa simu. Akamwonyesha mabati. Akamwonyesha shemeji yake kwenye joho la mahafali. Akamwonyesha geti, akapanua kwa vidole viwili ili simba waonekane vizuri. Bi. Lindquist alivaa miwani akatazama kila picha bila haraka, na hilo ndilo lililomuumiza Zadock baadaye, kwamba hakudharauliwa. Walipofika kwa ng'ombe mama yule aliisogeza simu karibu.

"Ni ng'ombe mzuri sana," akasema. "Baba yangu alifuga hawa. Lakini ng'ombe hayumo kwenye faili, Bwana Zadock. Wala geti. Kwenye faili kuna mtoto, na amri ya jaji, na miezi ambayo haikulipwa. Vingine vyote sheria inaviita zawadi."

"Wazee waliamua."

"Wazee gani?"

Akaanza kueleza, kikao, mahari, Mzee Solomon, na kadiri alivyoeleza kwa Kiingereza ndivyo jambo lilivyozidi kuwa dogo mdomoni mwake, mpaka likafanana na watu wanaokunywa soda sebuleni. Akaacha katikati.

Bi. Lindquist akamwonyesha njia. Kama daktari wa mama yake angeandika kwamba mgonjwa anakufa, angejaribu kumwombea ruhusa ya dharura. Lakini mama alikuwa amelala kwake kitandani, si hospitali, na yule wa kliniki mjini alikuwa amekwenda kwao kungoja uchaguzi wa marudio upite. Njia ya pili ilikuwa kulisafisha deni lenyewe. Sehemu ndogo ni ya kaunti, kwa kuwa ndiyo iliyolipia malezi ya Stacy wakati Serah anasoma. Hiyo alipe taslimu. Sehemu kubwa ni ya Serah, na mwenye haki ya kuisema imelipwa au kuifuta ni Serah peke yake.

"Zungumza naye," akasema Bi. Lindquist. "Wewe mwenyewe."

Zadock akampigia Mzee Solomon.

"Mzee, nataka uniitie kikao. Haraka. Serah inabidi aandike."

"Ah, haya mambo ya kuandika." Mzee alikuwa akitafuna kitu. "Jumapili hii tuna mkutano wa ujenzi. Ile nyingine niko Dallas kwa harusi. Tuseme mwezi ujao, mwanangu?"

"Mama anakufa, mzee."

"Pole sana. Tutamweka kwenye maombi."

Kwa mara ya kwanza tangu aoe na kuacha, Zadock akaenda kwa Serah bila mtu wa kumtangulia.

"Karibu, Baba Stacy," Serah akasema mlangoni. "Vua viatu, nimepiga deki."

Stacy akainua macho kutoka kwenye tableti. "Hi, Dad."

"Salimia baba vizuri."

"Habari, Dad," akasema mtoto, akarudi alikokuwa. Zadock akakaa kwenye ukingo wa kochi kama mtu aliyekuja kusoma mita.

"Mama anaumwa," akaanza.

"Najua. Huwa ananipigia kila Jumapili."

Zadock hakujua hilo.

"Jumapili mbili zilizopita hakupiga, nikapiga mimi. Bravin akaniwekea simu sikioni mwa mama. Hasikii vizuri tena, lakini aliniuliza kama Stacy anakula."

Zadock akaeleza kila kitu, pasipoti, faili, Bi. Lindquist. Alipofika kwenye ombi lenyewe akatazama zulia. "Nataka uandike tu kwamba ulipokea."

"Nilipokea nini?"

"Serah, jamani. Nyumba ya mama. Karo ya ndugu yako. Ng'ombe. Geti..."

"Mabati ya mama yangu ni geji gani?"

"Ishirini na nane," akajibu mara moja, karibu kwa fahari.

"Stacy anavaa kiatu namba ngapi?"

Zadock akageuka kutazama mlangoni. Palikuwa na jozi tatu za viatu vidogo zimepangwa kando ya ukuta. Hakujua ni ipi bado inamwenea na ipi imeshambana. Serah alimpa muda.

"Baridi ile ya kwanza tuliyohamia hapa," hatimaye akasema, sauti chini ili mtoto asisikie, "alivaa buti za Maombi, kijana wa Nyiraneza. Nikazijaza soksi mbele zisimtoke. Siku hiyo hiyo mama akanipigia anashangilia: Serah, geti limefika, lina simba wawili! Nikamwambia Mungu ni mwema. Nikaenda bafuni nikafungulia maji."

"Kwa nini hukusema?"

"Nimwambie nani? Kikao?"

Zadock akatazama tena vile viatu mlangoni.

"Nilifanya kama tulivyofunzwa," akasema. "Unaheshimu nyumba mtoto alikotoka."

"Najua. Na mama alifurahi, Zadock. Sikatai. Alikufa moyo wake umejaa." Mama yake Serah alikuwa amefariki mwaka uliotangulia. Ng'ombe ameuzwa, geti liko na kufuli. "Lakini mtoto alikuwa huku."

Kisha Serah akainuka, akaleta kalamu.

"Uongo sitaandika. Nikiandika nilipokea, Stacy akiwa mkubwa akifungua hilo faili atasoma kwamba mama yake alikuwa na pesa na bado akamvalisha buti za watu. Nitaandika nimesamehe. Hayo ni mambo mawili, na uyajue ni mawili. Na sikufanyii wewe. Nafanya kwa ajili ya yule mama yako aliyenikanda kwa maji ya moto miezi sita katika nchi asiyojua hata kuwasha jiko lake."

Aliandika vile, akatia sahihi mbele ya Bi. Lindquist kesho yake, saa ya mapumziko yake ya chakula. Zadock akaiuza Camry yake kwa wa kwanza aliyetaja bei, akalipa fungu la kaunti. Tangu siku hiyo akawa anatoka Roseville kwenda Woodbury kwa mabasi, akipitia Saint Paul, safari ambayo kwa gari ni wimbo mmoja wa injili na kwa basi ni ibada nzima na matangazo.

"Nimeshatuma," Bi. Lindquist akamwambia. "Kutoka kwetu inakwenda jimboni, kutoka jimboni inakwenda Washington, ndipo jina lifutwe. Wiki mbili, pengine tatu. Ningeweza kuisukuma ningeisukuma."

Zadock akawa anapiga simu kila siku. Sasa mashine alikuwa ameizoea. Namba ya mshiriki aliitaja kwa kichwa, ya siri vilevile, na yule mwanamke mpole asiyeharakishwa akamwambia kila siku kwamba hakuna mabadiliko kwenye kesi yake.

Baada ya mashine, alimpigia mama.

"Tata," mama aliuliza, kwani alimwita baba, kama mama wa Kikisii anavyomwita mwanawe wa kiume. "Umefika wapi?"

Angemwambia nini? Kwamba yuko kituo cha basi Saint Paul anasubiri Washington?

"Niko uwanja wa ndege, mama. Ndiyo naingia."

Siku iliyofuata: "Umefika wapi, tata?"

"Niko Amsterdam, mama. Nabadilisha ndege."

"Huko kuna baridi?"

"Iko."

"Vaa sweta."

Alijiweka Amsterdam siku tatu, akasema kuna ukungu, ndege hazipai. Mama alikuwa akisinzia na kuamka, siku kwake zilikuwa zimechanganyika, akaamini. Halafu ilibidi asonge. Akatua Nairobi. Akalala Nairobi kwa rafiki. Akapanda basi. Akafika Narok, na hapo Narok basi likaharibika, kwa sababu Zadock aliona akiendelea kwenda vile njia itamwishia.

"Mabasi haya," mama akasema, kwa sauti ambayo sasa Bravin alilazimika kuirudia. "Mwambie ale. Narok kuna nyama."

Likatengenezwa. Likaharibika tena Bomet. Jimboni walikuwa wamepokea, Washington bado. Alhamisi, akiwa kwenye basi la kweli lililokuwa likiambaa kando ya mto kuingia Saint Paul, theluji ya kwanza ikianguka juu ya maji, alimwambia mama amefika Keroka. Kutoka Keroka mtu hata kwa pikipiki anafika kwao kabla chai haijapoa. Baada ya Keroka hakuna mji mwingine wa kusingizia.

"Keroka," mama akasema mwenyewe, safari hii bila Bravin. "Basi wekeni maji ya kuoga."

Walimwekea. Bravin alisema mama alitaka kusikia sufuria likitiwa maji, likasikika. Mama akafariki usiku huo, akimsubiri mtu wa karibu.

Walimngoja Zadock kadiri walivyoweza. Lakini mochari ya serikali ilikuwa imetoka kwenye mgomo siku si nyingi, ya kibinafsi ilikuwa inawamaliza, na baba mdogo akasema mwili hauwezi kukaa kungoja mashine ya Wazungu. Wakapanga Alhamisi ya wiki iliyofuata.

Jumatano, Bi. Lindquist mwenyewe alipiga simu. Ilikuwa mara ya kwanza ofisi ile kumtafuta Zadock na yeye kupokea kwa mlio wa kwanza.

"Jina limeondoka," akasema mama yule, furaha imemjaa. "Nimeliona sasa hivi. Nenda kesho asubuhi wakuchapishie pasipoti. Mama anaendeleaje?"

"Anazikwa kesho, Bi. Lindquist."

Bi. Lindquist akaacha kubonyeza kompyuta yake.

"Oh, Zadock," akasema.

Kutoka Minneapolis hadi Nyamira ni siku mbili, hata kama hakuna ukungu wala basi bovu. Alhamisi asubuhi Zadock hakwenda kuchukua pasipoti. Alikwenda kazini. Nyumbani mvua ilikuwa imenyesha tangu adhuhuri, hotuba zikarefuka kwa sababu kila aliyesimama chini ya hema hakutaka kutoka, na ilipofika jioni ya kwao ilikuwa saa moja asubuhi Woodbury. Alisimama jikoni kwa watu, simu ameiegemeza kwenye pakiti ya oti za uji, mwiko mkononi. Bravin alikuwa akimrushia mazishi kwa video. Mwavuli, koti la mchungaji, matope mekundu, miguu ya watu, mwavuli tena.

"Nani anaimba?" akauliza mzee mmoja wa nyumba ile, aliyekuwa mezani na kitambaa shingoni akingoja uji.

"Kanisa letu," akasema Zadock.

"Wanaimba vizuri. Hawana haraka."

Jeneza likashushwa. Lilikuwa na maua ya karatasi, na mvua ilikuwa imeshayatoa rangi, zikichirizika ubavuni. Baba mdogo akasogea karibu na simu, uso wake ukajaa kioo kizima.

"Zadock! Unatuona?"

"Nawaona, baba."

"Wewe ndiye kifungua mimba. Udongo wa kwanza ulikuwa wako. Bravin ataurusha, lakini wewe ndiye utasema neno. Sema, mama yako yuko hapa anasikia. Nyamazeni nyote, Zadock anaongea na mama!"

Kule makaburini watu wakanyamaza. Hata mvua ilisikika ikigonga mwavuli. Zadock akazima jiko. Akashika simu kwa mikono miwili, akaisogeza karibu na mdomo.

"Mama," akasema.

Picha ikaganda. Ilikuwa imeganda kwenye kiganja cha Bravin, kimefumbatwa, matope yakitokeza kati ya vidole. Zadock akangoja kifunguke. Akaita jina la Bravin, akaita la baba mdogo. Akakata akapiga upya, ikalia bila kupokewa. Mzee wa mezani akauliza kama uji ni tayari, akajibiwa bado kidogo. Baada ya muda ujumbe ukaingia: "Bro pole bando imeisha. Tumemaliza salama."

Bravin alikuwa amenunua bando la intaneti la siku moja. Lilikuwa shilingi hamsini.